Kaunta buku la mafaili yaliyokosekana

Ni kaunta buku la kwaya tatu, lenye gamba gumu jeusi, na nililinunua Kilosa mjini mwaka 2004 ili niandike madeni ya wateja. Kurasa za mwanzo zina madeni kweli: barua mbili za maombi ya kazi, fotokopi kumi za cheti cha ubatizo, kadi za mchango wa harusi. Kuanzia ukurasa wa tisa madeni yanakoma. Yanafuata majina ambayo asiye wa kazi hii angeyadhani ni namba za injini za malori: MSVBVM60, COMCTL32, MFC42, MSVCR71. Kila jina lina tarehe, mahali kompyuta ilikotoka, na kilichoiponya. Siku niliyoandika jina la kwanza ndipo nilipoacha kuwa mpiga chapa nikawa fundi.

Naandika habari za kazi hii kama ilivyokuwa Kilosa na Mikumi kwa sababu tulioianza tulikuwa wachache, na wengi wetu hatukuandika. Kijana anayepiga windo leo, yaani anayeweka Windows, kwa nusu saa, flashi ikiwa mfukoni, hajui kwamba kulikuwa na wakati faili moja liliweza kumgharimu mtu nauli ya basi na siku nzima.

Kabla ya kompyuta palikuwa na taipureta. Kilosa ni mji wa reli na mkonge. Wajerumani walianza kujenga Reli ya Kati kutoka Dar es Salaam mwaka 1905, wakafika Morogoro 1907, wakapita hapa kwetu kando ya Mto Mkondoa, na kufikia 1914 reli ilikuwa Kigoma. Penye reli na mashamba makubwa pana karatasi. Kimamba na Rudewa kulikuwa na ofisi za mashamba ya mkonge, stesheni ilikuwa na hati za mizigo, boma na mahakama vilikuwa na mashauri yasiyokwisha. Baba yangu alikuwa kwenye gengi la reli, na barua zote za familia zenye uzito, za madai ya pensheni hasa, alizipeleka kwa mama mmoja aliyekaa na mashine yake ya chapa kibarazani, karibu na boma. Mama yule ndiye aliyenifundisha kupiga chapa bila kutazama vidole. Alikuwa akifunika mashine yake kwa kanga kila jioni, na hakuna aliyeruhusiwa kuigusa kabla hajanawa mikono.

Kompyuta zilichelewa kutufikia, na sababu yake si umaskini peke yake. Serikali iliweka kompyuta ya kwanza nchini mwaka 1965, Wizara ya Fedha. Miaka tisa baadaye, 1974, ikapiga marufuku kuingiza kompyuta na televisheni kutoka nje. Sitaki kuwalaumu wakubwa wa siku zile, maana nchi ilikuwa haina fedha za kigeni, na mashine zilizokwisha kununuliwa zilikuwa na matatizo yake. Lakini katazo lile liliacha pengo la ujuzi. Katazo lilipokwisha kulegea na mashine zikaanza kuingia, miji kama Kilosa haikuwa na mtu aliyewahi kuona mwenzake akiitengeneza. Kwa taipureta tulikuwa na mafundi wa kurithishana. Kwa kompyuta tulianza na mikono mitupu.

Mashine yangu ya kwanza niliinunua Kariakoo mwaka 2003, kuukuu, ya mezani, yenye Windows 98. Ilisafiri kwenye buti la basi ikiwa imeviringishwa blanketi. Kwa mwaka mzima haikunisumbua isipokuwa umeme ulipokatika. Kisha, Septemba 2004, akaja mwalimu wa sekondari na CD yenye programu ndogo ya kukokotoa matokeo ya mitihani, aliyopewa na mwalimu mwenzake wa mkoa mwingine. Tukaiweka, tukabofya. Kikatokea kisanduku kidogo cha kijivu kilichosema kwa Kiingereza kwamba faili linalohitajika, MSVBVM60.DLL, halikuonekana.

Tulidhani CD ni mbovu. Tukaifuta kwa shati, tukarudia. Kisanduku kikatoka vilevile, na jina lilelile. Mwalimu akaniuliza, "Sasa fundi, hilo faili linakaa wapi?" Nikamjibu ukweli, kwamba sijui, ila nitauliza. Nikapiga simu Morogoro kwa jamaa aliyenifundisha misingi ya kompyuta, akacheka kwa upole akasema, "Wewe una Windows 98. Faili hilo mwenzako wa Windows XP anazaliwa nalo. Njoo na disketi."

Nikapanda basi asubuhi, kupitia Dumila, nikiwa na disketi mbili, ya pili kwa tahadhari. Faili lile lina ukubwa wa kama megabaiti 1.3, na disketi inabeba 1.44. Lilienea kwa kuponea chupuchupu. Jioni nilirudi Kilosa nimeishika disketi mkononi njia nzima, sikutaka kuiweka mfukoni isije ikapata joto. Nikalinakili kwenye folda ya mfumo, nikabofya, na programu ya mwalimu ikafunguka. Hapo ndipo nilipochukua kaunta buku la madeni na kuandika jina lile la kwanza, na mbele yake: "Si ugonjwa wa CD. Ni faili la watu wote, hapa halipo."

Maneno hayo ya mwisho ndiyo kazi yote. Nitayafafanua kama ninavyowafafanulia wanafunzi wangu.

Mtaani kwetu hakuna nyumba yenye mashine yake ya kusaga. Iko moja karibu na soko, na kila nyumba hupeleka debe lake la mahindi. Ingekuwa kila jiko lina mashine yake, nani angepata pa kulala? Programu nazo zina kazi zinazofanana: kuchora dirisha kwenye kioo, kusoma tarehe, kugawanya hesabu, kupeleka maandishi kwenye printa. Badala ya kila mtunga programu kuziandika upya, kazi hizo huandikwa mara moja, zikawekwa kwenye faili moja, na kila programu inapofunguliwa huenda kusaga pale. Faili la namna hiyo, kwenye Windows, hubeba herufi tatu mwishoni, DLL. Programu haina unga ndani yake. Ina karatasi iliyoandikwa majina ya mashine inazozitegemea, na mfumo huisoma karatasi ile kabla ya kuiruhusu programu ianze. Jina moja lisipopatikana, mfumo unasimama hapohapo na kukutolea kisanduku cha kijivu.

Wenye fani huyaita mafaili haya maktaba, na vijana huniuliza maktaba gani isiyo na vitabu. Neno hilo halikutolewa hewani. Kwenye Chuo Kikuu cha Cambridge, Uingereza, kulikuwa na kompyuta iitwayo EDSAC iliyoanza kazi Mei 1949. Maurice Wilkes, David Wheeler na Stanley Gill walikuwa wakitunza kabatini tepe za karatasi zilizotobolewa, kila utepe una hesabu yake iliyokwisha kuhakikiwa. Aliyetaka hesabu ile hakuitunga upya. Aliuchukua utepe kabatini, akaunakili kwenye utepe wa programu yake, akaurudisha mahali pake. Mwaka 1951 walitoa kitabu kilichoeleza utaratibu huo. Ilikuwa maktaba kabisa, yenye kabati na yenye kuazima.

Ila ile ya Cambridge ilikuwa ya kunakili: kila programu iliondoka na nakala yake. Kushirikiana faili moja bila kunakili, programu ikiita faili wakati ule inapoendeshwa, kulikuja na mfumo wa Multics uliobuniwa Marekani miaka ya 1960. Windows ikafanya hivyo tangu toleo lake la kwanza, Novemba 1985. Toleo lile lilipaswa kuridhika na kompyuta yenye kumbukumbu ya kilobaiti 256. Picha moja ya WhatsApp huweza kuzidi hapo. Kwa dhiki ile, kushirikiana ilikuwa lazima, na nawaheshimu waliolifikiri jambo hilo.

Shida ya mashine ya mtaa ni chekeche. Siku mwenye mashine akibadilisha chekeche bila kusema, unga unatoka wa chenga, na nyumba zote ugali unaharibika usiku uleule, hata za wale ambao hawakuomba mabadiliko. Windows 98 iliruhusu hilo. Programu yoyote mpya iliyowekwa iliweza kuleta faili lake na kulilaza juu ya lile la wote. Mwaka 2005 niliweka programu ya kadi za mialiko. Ikaniuliza kama ibadilishe faili lililopo, nami nikakubali, kwa kuwa sikujua ninachoulizwa. Kadi zilitoka nzuri sana. Kesho yake programu ya kuchapia barua haikufunguka, na kamati ya mazishi ilikuwa mlangoni ikisubiri ratiba ya ibada. COMCTL32 ya zamani ilikuwa imelazwa juu ya mpya. Niliandika ratiba ile kwa taipureta ya mama yule wa kibarazani. Aliniazima bila neno, akanikumbusha kunawa mikono.

Marekani waliipa hali ile jina, jehanamu ya DLL, na wala hawakutia chumvi. Kuanzia Windows 2000 mfumo ulianza kuyalinda mafaili yake wenyewe: programu ikilipachua moja, mfumo unalirudisha kutoka akibani. Baadaye ikawekwa njia ya kutunza matoleo mawili au matatu ya faili lilelile kando kwa kando, kila programu ipate la kwake. Kwa hiyo ugonjwa ule wa 2005 ulipungua hapa mjini kadiri mashine za XP zilivyoongezeka. Yakabaki mafaili yanayokosekana tu, na hayo yaliongezeka.

Nililielewa jambo hili kwa ndani zaidi wakati wa mafuriko. Mwishoni mwa Desemba 2009 na mwanzoni mwa Januari 2010 Mto Mkondoa ulivunja kingo. Mji uliingia maji, maelfu ya watu walikaa kwenye mahema, na reli kutoka Kilosa kuelekea Gulwe ikachukuliwa. Kwa miezi kadhaa treni za kutoka Dar es Salaam hazikupita. Niliketi na wazee waliofanya kazi na baba yangu tukatazama tuta lililoliwa, mataruma yananing'inia. Mzee mmoja akasema, "Tabora iko salama, Kigoma iko salama, injini ni nzima. Lakini leo mtu wa Kigoma ataambiwa treni ni mbovu." Sikumjibu. Nilikuwa nawakumbuka wateja wangu wote wanaoingia dukani na kusema programu yao ni mbovu, wakati programu ni nzima na kipande kilichochukuliwa na maji kiko mahali wasipopatazama.

Dukani kwangu kompyuta zilizozama tope hazikupona hata moja. Mwaka 2011 nikahamia Mikumi.

Kutoka Kilosa hadi Mikumi ni kama kilomita 80, kwa barabara iliyokuwa ya vumbi wakati ule, inayopita Ulaya, na ninasema Ulaya yetu, kijiji chenye mihogo na miwa. Mikumi ni mji wa namna nyingine kabisa. Hifadhi ya Taifa ilianzishwa 1964, na barabara kuu ya kwenda Zambia inapita katikati yake kwa kilomita kama 50. Pale mjini barabara zinagawanyika: Iringa na Mbeya mbele, Morogoro na Dar es Salaam nyuma, Kidatu na Ifakara upande mmoja, Kilosa upande mwingine. Malori hulala, mabasi husimama kwa chakula, na kila anayeshuka ana haraka. Wateja wangu walikuwa madereva wa kutoa kopi za hati za mizigo, waongoza watalii wa kuchapa orodha za ndege, wanafunzi wa VETA, walimu wa Kidodi na Ruaha.

Na walikuja na flashi. Kilosa, kwa kuwa iko mbali na barabara kuu, ilikuwa na virusi vyake vichache ambavyo nilivijua kwa majina. Mikumi ilipata kila kilichozaliwa kati ya Kariakoo na Tunduma. Flashi ya dereva imechomekwa Dar asubuhi, Morogoro mchana, kwangu jioni. Mdudu aliyeitwa Conficker, aliyeonekana duniani mara ya kwanza Novemba 2008, alikuwa yeye mwenyewe faili la DLL: maktaba ya mwizi, inayojipachika na kuitwa kila kompyuta inapowaka. Mwaka 2011 Microsoft walizuia flashi kujiendesha yenyewe inapochomekwa, lakini hilo lilikuja kwa njia ya masasisho ya intaneti, na mashine za mji wetu hazikuwa zikisasishwa.

Hapo kaunta buku langu likapata safu mpya. Mteja analeta laptopu, ikiwaka inatoa kisanduku chenye neno RunDLL juu, kikidai moduli fulani haionekani, na jina la faili ni herufi ovyo zisizosomeka. Mwanzoni nilizitafuta DLL hizo usiku kucha. Sikuzipata kamwe, kwa kuwa hazikuwa za mtu mwema. Antivairasi ilikwisha kumkamata mwizi na kumtoa, ila agizo la kumwita asubuhi lilibaki kwenye orodha ya vitu vya kuanza na kompyuta. Kompyuta inaita jina la marehemu, haitikiwi, inalalamika. Dawa si kurudisha faili. Ni kufuta agizo. Nimeandika kwa kalamu nyekundu ukurasa wa 41: "Uliza kwanza kama faili lililokosekana lilistahili kuwapo."

Kosa langu kubwa liko ukurasa wa 47, na sijalifuta. Mwaka 2012, wiki ya matokeo ya mtihani wa moko, mwalimu wa taaluma alileta kompyuta ya shule inayokosa MSVCR100.dll. Modemu yangu ilikuwa na bando dogo. Nikaingia kwenye tovuti moja ya wale wanaokusanya DLL za kila aina na kuzigawa bure, nikaichukua, nikaipachika. Programu ikafunguka. Siku mbili baadaye walimu wakagundua kwamba kila folda kwenye flashi zao imegeuka kivuli chake, ukifungua haifunguki, na mafaili ya alama hayaonekani. Nilichopakua hakikuwa peke yake. Walimu wanne walirudia kuingiza alama za wanafunzi kwa mkono, usiku, kwa taa ya chemli maana umeme ulikatika, kabla mimi sijajifunza kwamba mafaili yao yalikuwa yamefichwa tu, na amri moja ya attrib ingeyafunua. Matokeo yalichelewa. Nilikwenda shuleni kuomba radhi, nikapokewa kwa heshima kuliko nilivyostahili.

Tangu siku ile sijapakua faili moja moja kutoka kwa asiye mwenyewe. Faili la maktaba lina mwenyewe, na ni rahisi kumjua ukishazoea majina. MSVCR100 ni la wale waliotengeneza programu kwa Visual C++ ya mwaka 2010, na Microsoft wanatoa kifurushi kizima cha mafaili hayo bure. Kikiwekwa kifurushi, mafaili yote ndugu yanakaa mahali pake kwa toleo moja. MSVCP140 na VCRUNTIME140 ni ya kifurushi cha 2015 na kuendelea. D3DX9_43, ambalo vijana wa michezo ya kompyuta walinililia sana, ni la kifurushi cha DirectX cha Juni 2010. Jina likianzia na api-ms-win-crt kwenye Windows 7, kinachokosekana ni sasisho la mfumo lenye namba KB2999226. Faili likiwa la Windows yenyewe, amri ya sfc /scannow hukagua na kurudisha yaliyoharibika. Na likiwa la programu yenyewe, futa programu, iweke upya kutoka kwa aliyeitoa. Nikaweka vifurushi vyote kwenye CD mbili, baadaye flashi moja niliyoipaka rangi ya kucha nyekundu isichanganyike na za wateja.

Kabla ya kuweka upya, hata hivyo, nilijifunza kufungua karantini ya antivairasi. Mara nyingi faili limekamatwa kwa kushukiwa. Na kuna mtego mwingine unaowachosha wanafunzi: kisanduku kinataja faili fulani, unalitafuta, unalikuta lipo, zima. Hapo ujue kilichokosekana ni kile ambacho faili hilo nalo linakitegemea. Mwenye mashine ya kusaga yupo, dizeli hakuna. Kuna programu iitwayo Dependency Walker inayochora mti wote wa tegemeo, nani anamwita nani, nayo iliniokoa siku nyingi.

Nije kwenye jambo lililonitesa kuliko yote, ambalo jibu lake nilikuwa nimelipita kwa basi mara nyingi bila kuliona.

Miaka ya 1960 reli ilitolewa tawi kutoka Kilosa, ikapita Mikumi, ikafika Kidatu, kwenye miwa. Ni ya upana wa Reli ya Kati, milimita 1,000. Muongo uliofuata Wachina wakajenga TAZARA, ikakabidhiwa 1976, nayo inapita Kidatu vilevile, lakini upana wake ni milimita 1,067. Tofauti ya milimita 67, haifiki upana wa kiganja. Kwa hiyo Kidatu mabehewa ya reli mbili yanatazamana, chuma kwa chuma, na hakuna hata moja linaloweza kupita kwenye njia ya mwenzake. Mzigo lazima ushushwe na kupakiwa upya.

Laptopu za biti 64 zilipoanza kujaa Mikumi, nilipata kosa lisilotaja faili lolote, namba tupu: 0xc000007b. Nililinganisha mafaili, nikahesabu, yote yalikuwapo, majina sahihi. Nilihangaika juma zima na mashine ya mhasibu wa chama cha wakulima wa miwa. Kisha nikasafiri kwenda Kidatu kumwona mgonjwa, nikapita stesheni, nikasimama pale kwenye reli mbili kwa muda mrefu hadi mlinzi akaniuliza ninatafuta nini. Faili lilikuwapo, jina lilikuwa lilelile, ila upana haukuwa wake. Programu ya biti 32 haiwezi kupanda faili la biti 64, wala kinyume chake. Kuna mtu aliwahi kunakili DLL kutoka mashine nyingine akaipachika bila kutazama upana wake.

Na hapa Windows ina jambo la kuchanganya ambalo kila mwanafunzi wangu lazima alikariri: kwenye mfumo wa biti 64, folda iitwayo System32 ndiyo yenye mafaili ya biti 64, na yale ya biti 32 yanakaa SysWOW64. Majina yamepishana na vitu vyake kwa sababu za kihistoria, kwani programu nyingi za zamani zilikuwa zimeandikwa kuitafuta System32 kwa jina. Nikarudi Mikumi, nikaondoa faili la kupachikwa, nikaweka vifurushi viwili, cha biti 32 na cha biti 64. Mhasibu akafunga mahesabu siku hiyo.

Siku hizi nimerudi Kilosa. Reli ya tatu imekuja, ya kisasa, milimita 1,435, na tangu 2024 abiria wa Dodoma wanapita milima yetu ndani ya mahandaki. Kazi nayo imebadilika. Diski zimekuwa kubwa, na programu nyingi mpya hazisagi tena kwenye mashine ya mtaa. Zinasafiri na unga wake, kila moja na nakala yake ya kila maktaba, kama zile tepe za Cambridge. Makosa ya kijivu yamepungua. Lakini programu ambayo zamani ingeenea kwenye disketi kumi leo inataka megabaiti 300 za kupakua, na mtu wa Zombo au Tindiga anayenunua bando la siku anaiona tofauti hiyo kwenye salio. Kila nikiona mteja anasubiri upakuaji uliokwama asilimia 60, nakumbuka kwa nini watu wale wa kilobaiti 256 waliamua kushirikiana.

Duka la Mikumi analo mpwa wangu sasa. Juzi alinipigia simu saa mbili usiku. "Shikamoo mjomba."

"Marahaba. Mashine gani?"

"Ya mwanafunzi wa chuo, Windows 10. Inataka VCRUNTIME140_1. Nimeangalia, VCRUNTIME140 ipo, mjomba. Hii yenye moja mbele haipo."

Sikuwa nimewahi kuliandika jina hilo. Nikamwuliza kifurushi alichoweka ni cha mwaka gani. Akasema ni kile cha kwenye flashi nyekundu, cha 2015. Tukakaa kimya kidogo. Kisha akasema mwenyewe, taratibu, kwamba programu ile huenda imetengenezwa kwa toleo la 2019, na ndugu huyu wa pili alizaliwa wakati huo, na ni wa biti 64 peke yake, kwa hiyo kifurushi cha 2015 hakiwezi kuwa naye. Angepakua kipya kutoka Microsoft, kinachobeba yote tangu 2015.

Nikamwambia asubiri kwanza. Nikafungua kaunta buku, ukurasa wa 112, nikaandika jina, tarehe, Mikumi. Kwenye safu ya dawa nikamwomba arudie polepole, nikaandika maneno yake kama alivyoyasema.